Uraia mmoja, mataifa mengi: jinsi Israeli inavyowaandika Wayahudi na Waarabu wake

Mtu aliyezaliwa Haifa, akasoma Haifa, analipa kodi Haifa na ana pasipoti ya Israeli hawezi kuandikwa katika daftari la serikali kwamba taifa lake ni Mwisraeli. Kundi la raia lililoongozwa na mtaalamu wa isimu Uzi Ornan lilikwenda mahakamani kudai haki hiyo, na Oktoba 2013 Mahakama ya Juu ikawakatalia. Majaji walisema haijathibitika kwamba lipo taifa la Kiisraeli lililo mbali na taifa la Kiyahudi. Jibu la namna hiyohiyo lilikuwa limeshatolewa mwaka 1972 katika kesi ya Tamarin.

Afrika Mashariki tumezoea kwamba uraia na utaifa huenda pamoja: ukiwa na pasipoti ya Tanzania, wewe ni Mtanzania, basi. Israeli haikujengwa hivyo. Daftari la wakazi, kwa sheria ya mwaka 1965, lina sehemu ya uraia, ya dini, na ya taifa, ambalo kwa Kiebrania huitwa le'om. Kwenye uraia raia wote wanalingana. Kwenye taifa kuna orodha yenye majina zaidi ya mia moja: Myahudi, Mwarabu, Mdruzi, Mcherkesi, Mrusi na mengineyo. Tangu 2014 baadhi ya Wakristo wanaozungumza Kiarabu wanaruhusiwa kuandikwa Waaramu. Mwaka 2002 taifa liliacha kuchapwa kwenye vitambulisho, na nafasi yake ikajazwa alama za vinyota (*). Hata hivyo daftari lenyewe bado linalo, na kadi nayo ina njia zake za kusema: Myahudi kwa kawaida huandikiwa pia tarehe yake ya kuzaliwa kwa kalenda ya Kiebrania.

Mabishano mengi kuhusu nchi hii hukwama kwa sababu upande mmoja unasoma safu ya uraia na mwingine safu ya taifa. Anayesema "Waarabu wa Israeli wana haki zote, wana wabunge na majaji" hasemi uongo. Anayesema "Waarabu wa Israeli ni raia wa daraja la pili" naye ana ushahidi. Jambo la kuuliza kila mara ni hili: haki inayozungumziwa imefungwa kwenye uraia au kwenye taifa? Kura, matibabu, chuo kikuu na kufungua kesi vimefungwa kwenye uraia. Kuhamia nchini, sehemu kubwa ya mgao wa ardhi na alama za dola vimefungwa kwenye taifa, mara kwa sheria ya wazi, mara kwa utaratibu tu.

Kwanza tujue nani ni nani. Israeli ina watu milioni 10 hivi. Wayahudi ni karibu robo tatu, na Waarabu ni kama mmoja katika kila watano. Waliobaki wengi ni ndugu wa wahamiaji wa Kiyahudi kutoka uliokuwa Umoja wa Kisovieti, ambao wenyewe hawahesabiwi kuwa Wayahudi. Kati ya Waarabu, zaidi ya wanane katika kila kumi ni Waislamu, wakiwemo Mabedui wa jangwa la Negev. Wengine ni Wakristo na Wadruzi, wafuasi wa dini iliyochipuka kutoka Uislamu. Wengi wao hujiita Wapalestina raia wa Israeli. Serikali hupendelea kusema Waarabu wa Israeli. Wapalestina wapatao milioni 5 wa Ukingo wa Magharibi na Gaza hawamo katika hesabu hii, kwa kuwa si raia. Walowezi wa Kiyahudi wanaoishi Ukingo wa Magharibi wanahesabiwa, na wanapiga kura ya Bunge. Jirani yao Mpalestina wa kijiji cha pili hapigi. Nani anaingia kwenye hesabu na nani anaachwa nje ni sehemu ya tatizo lenyewe.

Tofauti hii ilitengenezwa kwa sheria, na mapema sana. Tamko la uhuru la tarehe 14 Mei 1948 liliahidi usawa kamili wa haki za kijamii na kisiasa kwa wote bila kujali dini, asili au jinsia, na papo hapo likaitangaza dola ya Kiyahudi. Sheria ya Kurejea ya 1950 ikampa kila Myahudi duniani haki ya kuhamia. Sheria ya uraia ya 1952 ikaweka njia mbili: Myahudi aliyehamia anapata uraia kwa haki ya kurejea, na Mwarabu anaupata kwa kuonyesha kwamba alikuwepo ndani ya nchi na ameandikishwa. Wapalestina wapatao 700,000 waliokimbia au kufukuzwa wakati wa vita vya 1948 hawakuweza kuonyesha hilo. Waliobaki walikuwa kama 150,000.

Mwaka 1970 Sheria ya Kurejea ilirekebishwa. Ikasema Myahudi ni aliyezaliwa na mama Myahudi au aliyebadili dini kuingia Uyahudi, na asiwe wa dini nyingine. Wakati huohuo ikapanua haki ya kuhamia kwa mtoto na mjukuu wa Myahudi pamoja na wenzi wao wa ndoa. Hapo ndipo fundo lilipofungwa. Kuanzia 1989 watu karibu milioni moja walihamia kutoka nchi za Kisovieti, na mamia ya maelfu kati yao waliingia kwa sababu ya baba au babu. Wanazungumza Kiebrania, wanakwenda jeshini, wanazikwa na bendera. Kwa marabi, si Wayahudi.

Sheria hiyohiyo imewagusa majirani zetu wa Mbale, Uganda. Jamii ya Abayudaya, iliyoanzishwa na Semei Kakungulu mwaka 1919, ilibadili dini rasmi mwaka 2002 chini ya marabi wa mkondo wa Kihafidhina, mmoja wa mikondo ya Uyahudi, na Shirika la Kiyahudi, linaloshughulikia uhamiaji wa Wayahudi, likaitambua mwaka 2016. Wizara ya Mambo ya Ndani ya Israeli ilipoletewa ombi la kuhamia mwaka 2018, ilisema haiitambui jamii hiyo kwa madhumuni ya Sheria ya Kurejea. Mjukuu wa Myahudi wa Kiev asiyejua sala hata moja anaingia. Mtu wa Mbale aliyeshika Sabato maisha yake yote anakwama kwenye makaratasi.

Fundo hilo huonekana vizuri zaidi kwenye ndoa, kwa sababu Israeli haina ndoa ya serikali. Utaratibu ulirithiwa kwa Waosmani, Waingereza wakauendeleza, na sheria ya 1953 ikaukabidhi kwa mahakama za marabi kwa upande wa Wayahudi. Waislamu wana mahakama zao za kadhi, Wadruzi zao, na makanisa yanayotambuliwa yana zake. Msomaji wa Kenya atafikiria mahakama za kadhi zilizomo katika kifungu cha 170 cha katiba ya 2010. Tofauti ni kwamba Kenya kadhi anasikiliza shauri pale tu wahusika wote ni Waislamu na wamekubali mamlaka yake, na ndoa ya serikali ipo kwa anayeitaka. Israeli mlango huo wa pembeni haupo.

Tuseme bibi na bwana harusi ni Wayahudi. Wanakwenda ofisi ya marabi ya mji wao, wanafungua faili, wanaleta mashahidi, na wanaonyesha cheti cha ndoa ya kidini cha wazazi, hasa upande wa mama. Kama mama alifunga ndoa Moscow katika ofisi ya serikali, cheti hicho hakipo, na hapo uchunguzi huanza: vyeti vya kuzaliwa vya Kisovieti, picha za makaburi, nyaraka za bibi mzaa mama. Wakishindwa kuthibitisha, hawafungi ndoa nchini, wala Myahudi hawezi kumwoa Mwarabu nchini hata kama wote ni raia. Njia iliyozoeleka ni kupanda ndege kwenda Saiprasi, kufunga ndoa kwa meya, kurudi na cheti, na kukipeleka Wizara ya Mambo ya Ndani. Tangu uamuzi wa Mahakama ya Juu wa miaka ya mwanzo ya 1960, karani analazimika kuiandikisha ndoa hiyo. Wakati wa korona wengine walifunga ndoa kwa video kupitia jimbo la Utah, Marekani, bila kutoka sebuleni, na mwaka 2023 mahakama ikasema nazo ziandikishwe. Kosa la kuogopa ni kudhani kwamba talaka nayo itakwepa mahakama ya dini. Wote wawili wakiwa Wayahudi, hata kama ndoa ilifungwa nje, talaka inarudi kwa marabi.

Kwa Waarabu ndoa ina pingamizi la namna nyingine. Tangu 2003, amri ya muda iliyokuwa ikiongezwa kila mwaka ilimzuia Mpalestina wa Ukingo wa Magharibi au Gaza kupata uraia au ukaazi kwa kuolewa na raia wa Israeli. Julai 2021 Bunge lilishindwa kuiongeza. Machi 2022 ikapitishwa upya. Mwanamke wa Nazareti aliyeolewa na mwanamume wa Jenin, mwendo usiofika saa moja kwa gari, anachagua kati ya kuishi na mumewe kwa vibali vya muda au kuondoka kwao.

Sasa ardhi, ambayo kwa maoni yangu ndiyo kiini cha jambo zima. Asilimia 93 hivi ya ardhi ya Israeli ni ya umma: ya dola, ya mamlaka ya maendeleo au ya Mfuko wa Kitaifa wa Kiyahudi. Maeneo yaliyo chini ya mabaraza ya Waarabu hayafiki asilimia 3. Sehemu ya chanzo ni sheria ya mali za wasiokuwepo ya 1950. Mtu aliyehamia kijiji cha jirani kwa usalama wakati wa vita alihesabiwa "hayupo" ingawa alikuwa ndani ya nchi na baadaye akapewa uraia, na shamba lake likachukuliwa. Watu wa Iqrit, kijiji cha Wakristo karibu na mpaka wa Lebanoni, waliambiwa na jeshi Novemba 1948 waondoke kwa majuma mawili. Julai 1951 Mahakama ya Juu iliamua wana haki ya kurudi. Krismasi ya mwaka huohuo jeshi likazilipua nyumba zao. Kanisa lilibaki limesimama, na miaka mingi baadaye waliruhusiwa kuzika wafu wao hapo. Kurudi kuishi, bado.

Waarabu waliobaki waliishi chini ya utawala wa kijeshi hadi mwisho wa 1966. Walipiga kura tangu uchaguzi wa kwanza wa 1949, lakini kusafiri nje ya wilaya kulihitaji kibali cha afisa wa jeshi. Tarehe 30 Machi 1976, katika maandamano ya kupinga ardhi kutwaliwa Galilaya, raia 6 waliuawa. Ndiyo Siku ya Ardhi inayoadhimishwa kila mwaka.

Leo mvutano uko kwenye kibali cha ujenzi. Ili kijana wa mji wa Kiarabu ajenge juu ya ardhi ya babu yake, mji lazima uwe na mpango mkuu ulioidhinishwa, kisha mpango wa kina wa mtaa, ndipo kamati ya mipango itoe kibali. Umeme na maji hufuata kibali. Matatizo hutokea katika kila hatua. Mpango wa mji unaweza kuwa wa zamani, na mpaka wake unaishia pale nyumba zilipoishia miaka 40 iliyopita. Ardhi ya ndani ya mji ni ya watu binafsi na imegawanyika vipande vidogo kwa mirathi, hivyo kuipanga upya kunahitaji ridhaa ya warithi wengi. Sheria inaruhusu hadi asilimia 40 ya kiwanja kuchukuliwa bila fidia kwa ajili ya barabara na shule. Familia iliyoshapoteza shamba mwaka 1950 haitoi tena kwa moyo mweupe. Na wajumbe wa kamati za wilaya wanaoamua, wengi si watu wa mji huo. Kijana anasubiri, anaoa, anajenga bila kibali. Kisha inakuja faini, na baada ya faini, amri ya kubomoa. Marekebisho ya sheria ya mipango ya 2017 yalizihamishia adhabu hizo kwa maofisa, hivyo hata jaji wa kumsikiliza amekuwa mbali.

Mtu atauliza: kwa nini asihamie kwingine? Miji mikubwa inawezekana. Vijiji vya jumuiya, vile vya nyumba chache zenye bustani, vina kamati za kupokea wakazi. Mwaka 2000, katika kesi ya familia ya Kiarabu ya Ka'adan iliyokataliwa katika kijiji cha Katzir, Mahakama ya Juu ilisema dola haiwezi kugawa ardhi yake kwa ubaguzi wa taifa. Bunge likajibu mwaka 2011 kwa sheria inayoruhusu kamati za Negev na Galilaya, katika vijiji vya kaya zisizozidi 400, kumkataa mwombaji "asiyefaa" kwa hali ya kijamii na kitamaduni ya kijiji. Mwaka 2023 kikomo kilipandishwa hadi kaya 700. Neno Mwarabu halimo katika sheria hiyo, wala halihitajiki.

Wayahudi nao hawakuja wakiwa kitu kimoja. Kati ya 1948 na 1951 idadi ya Wayahudi nchini iliongezeka mara mbili, na sehemu kubwa walitoka Iraki, Yemeni, Moroko na nchi nyingine za Kiislamu. Wengi wao walizungumza Kiarabu nyumbani, walikula vyakula vya Kiarabu, na waliimba nyimbo za Umm Kulthum. Daftari liliwaandika Wayahudi. Uongozi uliotoka Ulaya uliwaweka kwenye mahema ya mapokezi, kisha kwenye miji mipya ya pembezoni kama Dimona na Yeruham. Mtaa wa Wadi Salib, Haifa, ulikuwa wa Waarabu walioondoka 1948. Nyumba zao zikajazwa Wayahudi wa Moroko, na mwaka 1959 ndiko zilikoanzia ghasia za kwanza kubwa za Wayahudi wa Mashariki dhidi ya ubaguzi. Mwaka 1971 vijana wa mtaa wa Musrara, Yerusalemu, walianzisha kundi la kupinga ubaguzi huo, Panther Weusi. Hasira hiyo ndiyo iliyompa Menachem Begin, kiongozi wa Likud, ushindi mwaka 1977 na kuvunja utawala wa miaka 29 wa chama cha Leba. Ukitaka kujua kwa nini maskini wengi wa Kiyahudi wanapigia kura chama cha Likud, anzia hapo.

Wayahudi wa Ethiopia walilipa gharama kubwa zaidi. Walitembea kwa miguu hadi kambi za Sudan, maelfu wakafa njiani, na kati ya Novemba 1984 na Januari 1985 watu kama 8,000 walisafirishwa kwa siri kutoka huko. Mei 1991 wengine zaidi ya 14,000 walitolewa Addis Ababa kwa ndege katika saa 36. Walipofika, marabi wakuu waliwataka wafanye ibada ya kubadili dini, kana kwamba walichokishika kwa karne nyingi si Uyahudi. Mwaka 1996 ilibainika kwamba damu waliyokuwa wakijitolea hospitalini ilikuwa ikimwagwa. Safu ya taifa iliwafungulia mlango wa nchi. Dhidi ya rangi haikuwakinga.

Wadruzi ni jambo la pekee. Wanazungumza Kiarabu, wana le'om yao, na wanaume wao wanaandikishwa jeshini kwa lazima tangu 1956. Waarabu Waislamu na Wakristo hawaitwi, ingawa wapo wanaojitolea, hasa Mabedui. Jeshi lina uzito nje ya vita: aliyehudumu hupata malipo ya kuanzia maisha, nafuu za nyumba, na marafiki wa kumpa kazi. Wadruzi waliamini kwamba damu waliyomwaga imewatoa kwenye safu ya "wengine". Ndipo tarehe 19 Julai 2018 Bunge likapitisha, kwa kura 62 dhidi ya 55, Sheria ya Msingi ya Dola ya Taifa: haki ya kujiamulia kama taifa nchini Israeli ni ya watu wa Kiyahudi peke yao, Kiebrania ndiyo lugha ya dola, na Kiarabu, kilichokuwa rasmi tangu enzi za Waingereza, kikashushwa kuwa na "hadhi maalumu". Neno usawa halimo. Agosti 4 makumi ya maelfu walijaa Uwanja wa Rabin, Tel Aviv, wakipeperusha bendera za Kidruzi na za Israeli pamoja. Julai 2021 mahakama iliiacha sheria isimame kwa majaji 10 dhidi ya mmoja. Huyo mmoja, George Karra, ndiye aliyekuwa jaji Mwarabu.

Yerusalemu ya Mashariki ina kundi la tatu, wasio raia wala wageni. Baada ya 1967 Wapalestina wa huko walipewa ukaazi wa kudumu. Wanalipa kodi, wanatibiwa, na wanaweza kupiga kura ya manispaa, ingawa wengi huisusia. Ya Bunge hawapigi. Lazima waonyeshe kwamba "kitovu cha maisha" yao ni mjini humo: bili za umeme, kodi ya pango, shule za watoto. Anayehamia kitongoji cha nje kutafuta nyumba ya bei nafuu anaweza kuupoteza ukaazi huo. Zaidi ya watu 14,000 wamefutiwa ukaazi tangu 1967.

Watoto wa pande hizi hawakutani. Shule za serikali zimegawanyika: za Kiyahudi za kawaida, za Kiyahudi za kidini, za Waharedi (Wayahudi wenye msimamo mkali wa dini), na za Kiarabu. Mtandao wa shule za Hand in Hand, ulioanza mwishoni mwa miaka ya 1990, unaweka walimu wawili katika darasa moja, mmoja wa Kiebrania na mmoja wa Kiarabu, kila mmoja akifundisha kwa lugha yake bila kutafsiriana. Wanaoufahamu wanajua udhaifu wake. Watoto Waarabu hukishika Kiebrania upesi kwa sababu kiko barabarani, dukani na kwenye simu. Watoto wa Kiyahudi hubaki nyuma katika Kiarabu kwa sababu nje ya darasa hakuna anayewalazimisha. Wiki ngumu ni zile za Aprili na Mei, king'ora cha kuwakumbuka askari waliokufa kinapolia, na siku chache baadaye inakuja tarehe 15 Mei, Nakba, siku ambayo Wapalestina hukumbuka kupoteza makwao mwaka 1948. Shule hizo hufanya yote mawili waziwazi, jambo linalohitaji mazungumzo ya mapema na wazazi. Wanafunzi wao wote kwa jumla hawazidi elfu chache. Mahali ambapo watu wazima huchanganyika kwelikweli ni hospitalini, kwa kuwa madaktari, wauguzi na wafamasia wengi ni Waarabu.

Inabaki siasa, uwanja ambao uraia una nguvu yake yote. Juni 2021 Mansour Abbas na chama chake cha Kiarabu cha Raam, chenye viti 4 tu kati ya 120, waliingia katika serikali ya muungano. Alizungumza kama mwakilishi wa miji yenye shida, akiacha suala la taifa pembeni: polisi, nyumba, bajeti. Mpango wa miaka mitano wa shekeli bilioni 30 hivi ukapitishwa Oktoba 2021, na Januari 2022 sheria ya kuunganisha umeme kwenye nyumba zisizo na vibali. Wapinzani wake wa Kiarabu walisema ameuza utaifa kwa nguzo za umeme. Serikali ile ilivunjika baada ya mwaka mmoja hivi, na mauaji ya magenge katika miji ya Kiarabu, ambayo ndiyo kilio kikubwa cha wakazi, yakaongezeka zaidi ya maradufu kati ya 2022 na 2023.

Novemba 2022 vyama vya Kiarabu viliingia uchaguzini vimegawanyika, wakati kila orodha inahitaji asilimia 3.25 ya kura ili iingie bungeni. Machi 2020, walipokuwa orodha moja, walipata viti 15. Safari hii Raam ilipata 5, orodha ya pamoja ya vyama vya Hadash na Taal 5, na Balad, chama kinachodai Israeli iwe dola ya raia wake wote, kikaishia asilimia 2.9. Kura zake zaidi ya 130,000 hazikupata kiti hata kimoja, na kambi ya Benjamin Netanyahu ikaunda serikali kwa viti 64.